Mungu Mmoja, Yona na Nahumu: Umoja na Utofauti katika Teolojia ya Biblia

Katika Agano la Kale vimo vitabu viwili vifupi vinavyouhusu mji mmoja. Yona kina sura nne, Nahumu kina sura tatu, na vyote viwili vinazungumza juu ya Ninawi, mji mkuu wa dola ya Ashuru, ambao magofu yake yapo hadi leo kwenye ukingo wa mashariki wa mto Tigri, katika mji wa Mosul nchini Iraki. Katika kitabu cha kwanza Ninawi unatubu na kusamehewa. Katika cha pili unahukumiwa pasipo kuachiwa tumaini lolote, na nabii anausimulia mwisho wake kwa shangwe. Msomaji anayevisoma kwa mfululizo ana haki ya kuuliza ni kipi kinachomsema Mungu jinsi alivyo kweli, na akiuliza hivyo amekwisha kuingia katika suala ambalo wanateolojia hulijadili kwa jina la umoja na utofauti wa Maandiko: je, Biblia ina teolojia moja, au ina teolojia nyingi zilizofungwa pamoja katika jalada moja?

Jambo hili linazidi kuwa zito tunapoyatazama maneno yenyewe. Katika Kutoka 34:6-7, baada ya Israeli kumwabudu ndama wa dhahabu, BWANA anapita mbele ya Musa na kulitangaza jina lake: Mungu mwingi wa huruma na fadhili, si mwepesi wa hasira, mwingi wa rehema na kweli, mwenye kusamehe uovu, wala si mwenye kumhesabia mwenye hatia kuwa hana hatia. Tangazo hilo likawa kama ungamo la imani la Israeli, na linarudi tena na tena katika Hesabu 14:18, Nehemia 9:17, Zaburi 103:8, Yoeli 2:13 na kwingineko. Yona analijua kwa moyo. Anapomlalamikia Mungu kwa kuusamehe mji wa adui (4:2), anasema alijua tangu mwanzo kwamba Mungu ni mwenye neema, amejaa huruma, si mwepesi wa hasira, ni mwingi wa rehema, tena hughairi mabaya. Nahumu naye analijua kwa moyo, na utabiri wake unaanza (1:3) kwa kusema kwamba BWANA si mwepesi wa hasira, ana uweza mwingi, wala hatamhesabia mwenye hatia kuwa hana hatia kamwe.

Tukiyaweka maneno hayo sambamba tunaona kila mmoja alichofanya. Yona ameushika upande wa rehema, ameyaacha maneno ya kuadhibu, na mahali pake ameweka kughairi mabaya. Nahumu ameanza na uvumilivu uleule, lakini pale ambapo ungamo lilisema "mwingi wa rehema" yeye anasema "ana uweza mwingi", kisha anaikaza hukumu. Hakuna aliyebuni Mungu mpya. Wote wawili wanalisoma andiko lilelile, na wote wawili wana haki ya kulisoma hivyo, kwa kuwa andiko lenyewe lilikuwa limeushika msamaha na hukumu pamoja bila kueleza ni lini kimoja kitangulie kingine. Tena vitabu vyote viwili vinamalizika kwa swali, utadhani vinajibizana: Nahumu anauliza ni nani ambaye hakupatwa na uovu wa Ninawi, naye Mungu anamwuliza Yona kama isingempasa kuuhurumia mji wenye watu zaidi ya 120,000 wasioweza kupambanua mkono wa kuume na wa kushoto, pamoja na wanyama wengi.

Swali la Nahumu lilitoka katika majeraha halisi. Ashuru iliuteka Samaria mwaka 722 KK na kuwahamisha watu wake. Mwaka 701 KK mfalme Senakeribu aliuteka Lakishi, mji wa Yuda, na michongo ya ukutani aliyoiagiza kwa ajili ya jumba lake la Ninawi, ambayo sasa imehifadhiwa katika British Museum jijini London, inaonyesha mateka waliotundikwa juu ya miti na familia zikienda uhamishoni na mizigo yao. Ninawi wenyewe ulianguka mwaka 612 KK. Kumwambia mjane wa Lakishi kwamba damu ile haitaulizwa kungekuwa kumdhulumu mara ya pili, na kukubaliana na Yona kwamba Mwashuru aliyetubu hastahili kusamehewa kungekuwa kumfanya Mungu mali ya taifa moja. Sioni namna ya kukiondoa kitabu kimoja bila kumpunguza Mungu ambaye vitabu vyote viwili vinamtangaza.

Wanakili wa kale nao waliusikia mvutano huo. Katika kitabu cha Tobiti, ambacho kimo katika Biblia za Wakatoliki na Waorthodoksi ila hakimo katika toleo la vitabu 66 ambalo Waprotestanti wengi wa Afrika Mashariki wamelizoea, mzee Tobiti anapokaribia kufa anamwagiza mwanawe aondoke Ninawi, kwa sababu anaamini kwamba lililonenwa na nabii juu ya mji huo litatimia (14:4). Ukiuliza ni nabii gani, Kodeksi ya Sinai, nakala ya kale ya Biblia ya Kigiriki iliyoandikwa kwa mkono, inamtaja Nahumu, lakini Kodeksi ya Vatikano, ambayo nayo ni ya karne ya nne BK, inamtaja Yona.

Mifano ya namna hii ni mingi. Katika 2 Samweli 24:1 ni hasira ya BWANA inayomtia Daudi nia ya kuwahesabu watu, lakini mwandishi wa 1 Mambo ya Nyakati 21:1, akisimulia habari ileile vizazi vingi baadaye, anasema aliyemshawishi ni Shetani. Kumbukumbu la Torati 23:3 linamzuia Mmoabi kuingia katika mkutano wa BWANA, na Ezra anawataka wanaume wa Yuda waachane na wake wa kigeni. Kitabu cha Ruthu kinamweka mwanamke Mmoabi katika ukoo wa mfalme Daudi bila kuomba radhi, na Mathayo 1:5 inamtaja kwa jina katika nasaba ya Yesu. Hayo nayapita haraka ili nifike kwenye mfano ambao unawagusa waamini wetu kila Jumapili.

Mithali inafundisha kwamba mwenye haki hustawi na mwovu huanguka. Marafiki wa Ayubu wanalichukua fundisho hilo, wanaligeuza kuwa kanuni isiyo na hata mwanya mmoja, kisha wanamhukumu nalo mtu aliyeketi majivuni akijikuna kwa kigae: kama anateseka, basi amekosa. Mwishoni mwa kitabu (42:7) BWANA anawakemea kwa kuwa hawakunena juu yake yaliyo sawa kama alivyonena Ayubu. Mahubiri ya mafanikio yanayosikika leo katika miji yetu, yale yanayomwambia mgonjwa au mtu asiye na kazi kwamba tatizo lake ni upungufu wa imani au wa sadaka, yanarudia hotuba za Elifazi na wenzake. Aya zinazonukuliwa, iwe ni za Mithali au Malaki 3:10, zimo kweli katika Biblia, na mhubiri hazibuni. Anachokosea ni kuzipa aya hizo neno la mwisho ilhali Maandiko yenyewe yameweka kitabu kizima cha sura 42 ili kumzuia mtu asifanye hivyo. Hapa utofauti wa Biblia unafanya kazi ya kichungaji ambayo hakuna fundisho moja lililonyooka lingeweza kuifanya, kwa maana mtu aliyefiwa anahitaji kujua kwamba kilio cha Ayubu nacho ni neno la Mungu.

Utofauti huu haukuwa siri kwa mababa wa Kanisa, ingawa somo lake kama taaluma lilichelewa. Mwaka 1787 Johann Philipp Gabler, katika hotuba ya kuanza uprofesa wake kwenye chuo kikuu cha Altdorf nchini Ujerumani, alitaka teolojia ya Biblia itenganishwe na teolojia ya mafundisho ya Kanisa: kwanza kila mwandishi asikilizwe katika wakati wake na kwa namna yake ya kusema, ndipo yale yanayodumu yakusanywe. Waliomfuata walikuwa hodari wa kutenganisha kuliko kukusanya, na katika karne ya 20 kazi kubwa ikawa kutafuta kiini kinachoviunganisha vitabu hivyo. Msomi wa Agano la Kale Walther Eichrodt alipendekeza wazo la agano kuwa nguzo ya Agano la Kale lote. Msomi mwenzake Gerhard von Rad hakukubali kwamba lipo wazo moja la namna hiyo. Kwake Agano la Kale ni matendo ya Mungu katika historia, yaliyosimuliwa upya kizazi baada ya kizazi. Wote wawili walipata taabu walipofika Mithali na Mhubiri, vitabu visivyotaja Sinai wala kutoka Misri. Ninaelekea upande wa von Rad, kwa sababu kila neno moja linalochaguliwa kuijumlisha Biblia nzima huacha kitabu fulani kikilalamika.

Hata hivyo Kanisa lilikuwa limekabiliwa na suala hili karne 16 kabla ya Gabler, na jibu lake lilikuwa uamuzi kuhusu vitabu vipi visomwe katika ibada. Marcion, mwenye meli kutoka Sinope katika pwani ya Bahari Nyeusi, alifika Roma akifundisha kwamba Mungu wa Agano la Kale, muumba na mwenye kuhukumu, si Baba wa Yesu Kristo. Ili apate Maandiko yasiyopingana, aliliacha Agano la Kale lote, akabaki na Injili ya Luka iliyopunguzwa na nyaraka kumi za Paulo alizozisafisha kwa kipimo chake. Kanisa la Roma lilimtenga mnamo mwaka 144, na Tertuliano, mwandishi Mkristo wa kale, anasimulia kwamba lilimrudishia sesterti 200,000 (fedha ya Kirumi) alizokuwa amelichangia. Inafaa kulitafakari jambo hilo: katika karne ile, mkusanyo wa vitabu uliokuwa na mshikamano mkubwa kuliko wote ulikuwa wa mtu aliyehukumiwa kuwa mzushi.

Njia ya pili ilikuwa ya upole zaidi. Tatian, mwanafunzi wa Yustino Mfiadini, mnamo mwaka 170 alizifuma Injili nne kuwa simulizi moja iitwayo Diatesaroni, isiyo na marudio wala mikwaruzano. Makanisa ya lugha ya Kisiria yaliitumia kwa muda mrefu, na Mtakatifu Efremu aliiandikia ufafanuzi. Lakini katika karne ya tano Theodoreto, askofu wa Cyrrhus huko Siria, anaeleza kwamba alikusanya nakala zaidi ya 200 za kitabu hicho katika makanisa aliyoyasimamia, akaziondoa na kuweka Injili nne mahali pake. Ireneo wa Lyon alikuwa ameshatetea, mnamo mwaka 180, kwamba Injili haziwezi kuwa zaidi ya nne wala pungufu, akitaja pepo kuu nne na pande nne za dunia. Hoja ya pepo haimshawishi msomaji wa leo, ila kauli iliyokuwa nyuma yake ina uzito mkubwa: Injili ni moja, imetolewa katika sura nne, na Roho mmoja ndiye anayeishikilia.

Faida ya uamuzi huo inaonekana katika habari za msalaba. Katika Marko 15:34 Yesu analia, "Mungu wangu, Mungu wangu, mbona umeniacha?", maneno yanayoifungua Zaburi ya 22, na Marko haandiki neno lingine lolote kutoka msalabani la kukilainisha kilio hicho. Baada yake ni sauti kuu isiyo na maneno, kifo, na akida Mrumi anayekiri kwamba mtu huyu alikuwa Mwana wa Mungu. Luka hakiandiki kilio hicho. Kwake Yesu anawaombea msamaha wanaomsulibisha, anamwahidi mhalifu Paradiso, na anakata roho kwa maneno ya Zaburi ya 31: "Baba, mikononi mwako naiweka roho yangu." Katika Yohana, ambako saa ya kifo tangu mwanzo imeitwa saa ya kutukuzwa, Yesu anamkabidhi mama yake kwa mwanafunzi aliyempenda na kusema, "Imekwisha." Desturi ya kuhubiri maneno saba siku ya Ijumaa Kuu huyakusanya yote pamoja, nami naipenda desturi hiyo, lakini mhubiri akifika neno la nne na kulikimbiza upesi kuelekea la saba, amemfanyia Marko kile alichokifanya Tatian. Kuna watu kanisani siku hiyo ambao Yesu wa Marko, aliyeachwa kama wao, ndiye pekee wanayeweza kumsogelea.

Mvutano uliolipiwa gharama kubwa kuliko yote ni ule wa Paulo na Yakobo. Warumi 3:28 inasema, "mwanadamu huhesabiwa haki kwa imani pasipo matendo ya sheria." Yakobo 2:24 inasema kwamba mwanadamu huhesabiwa kuwa na haki kwa matendo yake, "si kwa imani peke yake." Wote wawili wanamleta Abrahamu kama shahidi, na wote wawili wanalinukuu andiko moja, Mwanzo 15:6: "Akamwamini BWANA, naye akamhesabia jambo hili kuwa haki." Martin Luther, katika dibaji ya Agano Jipya lake la Kijerumani la mwaka 1522, aliuita Waraka wa Yakobo waraka wa mabua, akauweka mwishoni pamoja na Waebrania, Yuda na Ufunuo, hakuuondoa, na jambo hilo lihesabiwe kwa heshima yake. Mtaguso wa Trento, mkutano mkuu wa maaskofu wa Kanisa Katoliki, ulipotoa fundisho lake juu ya kuhesabiwa haki mwaka 1547, uliitumia Yakobo 2:24 dhidi ya wafuasi wa Luther. Kwa karne kadhaa kila upande uliutumia mtume mmoja kumnyamazisha mwingine.

Tufuate kwanza jinsi kila mmoja anavyolisoma andiko hilo. Hoja ya Paulo katika Warumi 4 inasimama juu ya mpangilio wa sura: Abrahamu alihesabiwa haki katika Mwanzo 15, na alitahiriwa katika Mwanzo 17, kwa hiyo tohara ilikuwa muhuri wa haki aliyokwisha kuipata. Walio mbele ya Paulo ni watu wa mataifa, na huko Galatia walikuwa wakiambiwa kwamba bila kutahiriwa hawawezi kuwa watu kamili wa Mungu. Yakobo anaanza hapohapo kwenye Mwanzo 15 ila anaelekea mbele, hadi Mwanzo 22, pale Abrahamu anapomtoa Isaka juu ya madhabahu, naye anasema kwamba hapo ndipo andiko lile lilipotimia (2:23). Mbele ya Yakobo hakuna mgeni anayelazimishwa kutahiriwa. Yupo tajiri mwenye pete ya dhahabu na mavazi mazuri anayekaribishwa kiti cha heshima katika mkutano, huku maskini mwenye mavazi mabovu akiambiwa asimame kule au aketi chini miguuni. Yupo ndugu aliye uchi, mwenye kupungukiwa na riziki ya kila siku, anayeagwa kwa maneno ya baraka bila kupewa kitu. Imani anayoikataa Yakobo ni ile ambayo mashetani wanayo, wanaoamini kwamba Mungu ni mmoja na kutetemeka. Paulo hajawahi kuitetea imani hiyo. Ya kwake ni "imani itendayo kazi kwa upendo" (Wagalatia 5:6).

Maelezo hayo yanafaa, na wachungaji wengi huishia hapo. Siamini kwamba yanaumaliza mvutano wote. Maneno "si kwa imani peke yake" yako karibu mno na mahubiri ya Paulo kiasi kwamba ni vigumu kudhani mwandishi hakuwa ameyasikia, ama kutoka kwa Paulo mwenyewe, ama kutoka kwa watu waliolitumia jina lake kuhalalisha ugumu wa mioyo yao. Kama angeulizwa, Paulo asingeiandika sentensi ile jinsi Yakobo alivyoiandika, wala Yakobo asingeiandika Warumi 3:28. Lakini wote wawili wanaijenga hoja yao juu ya ungamo moja, lile la Kumbukumbu la Torati 6:4 kwamba BWANA ni mmoja: Paulo analitumia katika Warumi 3:30 kuonyesha kwamba Myahudi na Myunani wanahesabiwa haki kwa njia moja, na Yakobo analitumia katika 2:19 kuonyesha kwamba kulitamka tu hakutoshi. Kanisa linalowasikiliza wote wawili haliwezi kumwekea mtu masharti ya kabila au desturi mlangoni, wala haliwezi kumwacha maskini aketi sakafuni mara anapoingia.

Kumsikiliza mtume mmoja peke yake kumekuwa na madhara hata katika siasa. Warumi 13, iliyoandikwa mnamo mwaka 57, inaitaja mamlaka ya serikali kuwa mtumishi wa Mungu. Ufunuo 13, ambayo wasomi wengi huiweka karibu na mwaka 95, inaiona dola ileile ya Roma kama mnyama atokaye baharini, anayetaka kuabudiwa. Mnamo Septemba 1985, wakati wa hali ya hatari nchini Afrika Kusini, kundi la wanateolojia lilitoa Hati ya Kairos, ambayo iliishutumu "teolojia ya dola" kwa kuitumia Warumi 13 kubariki ubaguzi wa rangi, na ikakumbusha kwamba Biblia ina mengi zaidi ya kusema kuhusu watawala wanaokandamiza, Ufunuo 13 ikiwamo. Aliyekuwa na aya moja tu mkononi alikuwa upande wa mwenye bunduki.

Bado lipo swali la mipaka. Ikiwa Maandiko yanavumilia utofauti wa kiasi hiki, ni kwa nini yasivumilie wowote ule? Agano Jipya lenyewe lina makatazo makali: Paulo anamlaani anayehubiri injili nyingine (Wagalatia 1:8), na 1 Yohana 4:2-3 inamkataa kila asiyekiri kwamba Yesu Kristo amekuja katika mwili. Athanasio wa Aleksandria, alipoorodhesha vitabu 27 vya Agano Jipya katika barua yake ya Pasaka ya mwaka 367, aliviweka ndani Waraka wa Yakobo na Warumi, Marko na Yohana, bila kuona haja ya kuvipatanisha kwanza. Injili ya Tomaso, ambayo nakala yake ya Kikopti iligunduliwa Nag Hammadi nchini Misri mwaka 1945, haimo. Ina misemo 114 ya Yesu, na mingine inafanana sana na ile ya Mathayo na Luka, lakini haisimulii kusulibiwa wala kufufuka kwake. Tunaweza kuuona mpaka ulipopita. Marko na Yohana wanatofautiana juu ya namna Yesu alivyokufa, huku Tomaso akiwa na Yesu ambaye kifo chake hakina kazi.

Mwaka 1977 James Dunn, msomi wa Agano Jipya kutoka Uskoti, baada ya kupima kwa kina mahubiri, maungamo, ibada na desturi za Wakristo wa kwanza, alihitimisha kwamba uzi unaoziunganisha sauti zote ni mmoja tu: Yesu aliyeishi Galilaya ndiye huyohuyo Bwana aliyefufuliwa na kutukuzwa. Wengine waliona jibu hilo ni jembamba mno, na ni kweli kwamba ukiisoma Biblia nzima unapaswa kuongeza kwamba Bwana huyo ametumwa na Mungu wa Abrahamu, yule yule wa Kutoka 34. Pamoja na nyongeza hiyo naliona kuwa sahihi, kwa sababu Paulo mwenyewe analitoa jibu la namna hiyo. Katika 1 Wakorintho 15 anakumbusha yale aliyoyapokea: Kristo alikufa kwa ajili ya dhambi zetu kama yanenavyo maandiko, alizikwa, alifufuka siku ya tatu, akamtokea Kefa, kisha wale Thenashara, baadaye Yakobo. Kefa ni Petro, ambaye Paulo alishindana naye ana kwa ana huko Antiokia juu ya kula pamoja na watu wa mataifa. Yakobo ni ndugu yake Bwana, kiongozi wa Yerusalemu, ambaye mapokeo yanamhesabu kuwa mwandishi wa waraka wenye jina lake. Paulo anayajua yote yaliyowatenganisha, naye anaandika: "Basi, kama ni mimi, kama ni wale, ndivyo tuhubirivyo, na ndivyo mlivyoamini" (15:11).

Makanisa yamechukua muda mrefu kuthubutu kusema hivyo. Katika mwaka huohuo wa 1977, mwezi Juni, Fungamano la Makanisa ya Kilutheri Duniani lilifanya mkutano wake mkuu wa sita Dar es Salaam, mkutano uliomchagua Askofu Josiah Kibira wa Bukoba kuwa rais wake wa kwanza kutoka Afrika, na hapo likaunga mkono wazo la umoja katika utofauti uliopatanishwa: makanisa yanaweza kushirikiana kikamilifu bila kila moja kuvua mapokeo yake, mradi mapokeo hayo yajadiliwe hadi yapoteze makali ya kutengana. Tarehe 31 Oktoba 1999, huko Augsburg, Fungamano hilo na Kanisa Katoliki vilitia sahihi tamko la pamoja juu ya kuhesabiwa haki, juu ya suala lilelile ambalo karne nne na nusu kabla Paulo na Yakobo walikuwa wamegeuzwa kuwa silaha.

Kuhusu mitume hao wawili, Agano Jipya linatupa habari moja ambayo kwa maoni yangu haijatumiwa vya kutosha katika mjadala huu. Wagalatia 2:9-10 inasema kwamba Yakobo, Kefa na Yohana walimpa Paulo na Barnaba mkono wa kuume wa shirika, wakagawana kazi, hawa kwa mataifa na wale kwa waliotahiriwa, na sharti waliloliweka lilikuwa moja tu: wawakumbuke maskini. Paulo anasema alikuwa na bidii kulifanya neno hilo, na nyaraka zake zinathibitisha. Mwishoni mwa Warumi, waraka uleule wenye 3:28, anaeleza kwamba makanisa ya Makedonia na Akaya yamechanga kwa ajili ya maskini wa Yerusalemu, kwamba yeye mwenyewe anaupeleka mchango huo, na anawaomba Warumi wamwombee ili huduma yake ikubaliwe na watakatifu wa huko (15:25-31). Hakuwa na hakika kwamba kanisa la Yakobo lingeipokea fedha ya watu wa mataifa wasiotahiriwa. Alikwenda hata hivyo, akakamatwa hekaluni katika safari hiyo, na alipojitetea mbele ya liwali Feliki alisema kwamba alikuwa amekuja kuwaletea watu wa taifa lake sadaka (Matendo 24:17). Mtume wa imani pasipo matendo ya sheria alipoteza uhuru wake akipeleka msaada kwa maskini wa kanisa la Yakobo.